Naombeni ushauri wa haraka: faili la mgonjwa wa bangi, niandike namba ipi?

kipepeo88: Habari zenu wakuu. Niko Columbus, Ohio, nafanya kodingi ya hospitali, yaani daktari akishatibu mimi nasoma alichoandika nageuza kila ugonjwa kuwa namba ili bima ilipe. Sasa kuna faili limenikwama toka juzi. Kijana wa miaka 24, anavuta bangi kila siku tangu ana 17, mwaka huu kaja emajensi mara ya nne anatapika mpaka nyongo, kawekewa dripu mbili asubuhi akaruhusiwa. Daktari kaandika wazi kwamba kutapika kumetokana na bangi ya muda mrefu, namba yake ni R11.16. Swali langu, nikiweka R11.10 ambayo ni kutapika tu bila kutaja sababu kuna ubaya? Maana kutapika si uongo, katapika kweli. Nisaidieni kabla ya Jumatatu, silali.

Mzee wa Sirari: Nimeona kodingi nikajua umeshindwa kodi ya nyumba 😂 Hivi bangi inatapisha tangu lini? Huku kwetu Tarime watu wanavuta tangu sijazaliwa sijaona anayetapika, hizo za Marekani wanaziwekea madawa.

Nesi_Likoni: Mzee wangu inatapisha, madaktari wa Australia waliielezea 2004, na dalili yake haifichiki, mgonjwa hupata nafuu akiwa kwa maji moto tu. Nina binamu yangu tulimzungusha hospitali tatu, huku waambiwa vidonda vya tumbo, huku waambiwa amiba, kamera ikapitishwa kooni mara mbili na pesa tumeuza ng'ombe. Mpaka daktari mmoja kijana akamuuliza, wewe ukishikwa huwa waoga? Akasema naoga mpaka mtungi wa gesi waisha. Daktari akaweka kalamu chini akamuuliza wavuta kiasi gani. Maskini miaka miwili ameza dawa za vidonda ambavyo hana. Kwa hivyo dada andika ilivyo, huyo kijana akija tena wajue pa kuanzia.

Mtumishi_Elia: Tatizo si namba tatizo ni bangi. Vijana wanapelekwa ughaibuni kwa michango ya ukoo wanaishia moshi. Aache, apige magoti.

koda_wa_Houston: Turudi kwenye swali jamani. Jibu ni hapana. Sisi tunaandika alichoandika daktari, hatupunguzi hatuongezi, akiandika sababu na namba ya sababu ipo huwezi kushuka kwenye namba ya "haijulikani". Na usikimbilie T40.715, hiyo ya madhara ya dawa ni ya mtu aliyeandikiwa dawa akaitumia kama alivyoelekezwa. Familia ya F12, yaani namba za matumizi ya bangi, nayo usiguse ya utegemezi mpaka daktari mwenyewe aandike utegemezi, kama huelewi mwandikie swali rasmi. Ila dada, mafaili haya tunayapata kila wiki, hili lina nini mpaka hulali?

kipepeo88: Hamna kitu kaka, namwonea huruma tu. Kijana wa watu mpole, mama yake anapiga simu kila siku toka Morogoro analia.

koda_wa_Houston: Faili la hospitali haliandikwi simu za mama toka Morogoro. Ni nani yako?

kipepeo88: Sawa. Ni mdogo wangu, kitinda mimba wetu. Yuko kwenye makaratasi ya grinikadi na mwezi ujao anatakiwa kwa yule daktari wa uhamiaji anayepima afya ya waombaji, na mnajua bangi hapa Ohio ruksa ukiwa na 21 lakini kwa serikali kuu bado ni kosa. Niliona jina lake kwenye foleni ya kazi nikalichukua asilichukue mtu mwingine. R11.10 nimeshaiweka, bado kubonyeza kutuma tu. Msinihukumu. Nyie hamjaamka saa nane usiku mkakuta mvuke unatoka chini ya mlango wa bafu, nikafungua nikamkuta kakaa sakafuni na nguo ya ndani, maji yanamchapa mgongoni mpaka ngozi imekuwa na mabaka kama ya kuungua, nikizima ananililia niwashe. Mimi ndiye niliyemleta huku. Ningekuwa nabadilisha dawa sawa, nabadilisha namba moja ya bima, inamdhuru nani?

Chuma_cha_Reli: Hii chai 🍵 Mimi nasomea hayo mambo online, kitabu ninacho hapa, baada ya R11.15 inakuja R11.2. Hiyo R11.16 haipo. Kisa kimetungwa, mara bangi mara grinikadi mara mama Morogoro, imekaa kama tamthilia.

Mzee wa Sirari: Mimi nilisema toka mwanzo!

Chuma_cha_Reli: Kama ni kweli weka picha ya faili.

koda_wa_Houston: Asiweke picha yoyote, hiyo ndiyo itamfukuzisha kazi leo leo. Na wewe kijana kitabu chako ni cha zamani, R11.16 imeanza 1 Oktoba 2025. Kabla ya hapo tulikuwa tunaunganisha namba ya bangi na ya kutapika, wagonjwa hawa walikuwa hawahesabiki vizuri, ndiyo maana ikadaiwa namba ya peke yake. Vitabu hubadilika kila Oktoba, nunua kipya kabla ya mtihani.

Chuma_cha_Reli: Ok hapo sawa. Ila bado naona chai.

binti_wa_makaratasi: Dada mimi nafanya kazi kwa wakili wa uhamiaji, nisikilize. Namba hata ukiifuta, maneno ya daktari yamebaki kwenye chati. Na daktari wa uhamiaji atamuuliza uso kwa uso kuhusu madawa, akikutwa na tatizo la matumizi anaweza kukataliwa mpaka apite mwaka mzima bila kutumia, lakini huyo anaweza kurudi. Akidanganya ikagundulika hiyo ni kesi ya kumfungia mlango kabisa. Asiende huko kabla hajakaa na wakili.

koda_wa_Houston: Na mfumo unaandika kila aliyefungua faili na saa aliyofungua. Ndugu yako huruhusiwi kugusa faili lake. Rudisha R11.16, usitume, nenda kwa msimamizi mwambie ni damu yako.

kipepeo88: Nikipoteza kazi nani atalipa wakili? Mnaongea rahisi.

Nesi_Likoni: Si rahisi mamangu. Na yeye je, ameacha?

kipepeo88: Ana siku sita. Anasema inamsaidia kichefuchefu ndiyo maana alikuwa anaongeza.

Nesi_Likoni: Ndivyo wote husema. Mshikilie, binamu yangu ilikata baada ya wiki kadhaa za kuacha kabisa, si kupunguza.

kipepeo88: Mrejesho. Nimeifuta R11.10, nimemwambia msimamizi. Kanyamaza muda mrefu halafu kalihamishia faili kwa mwenzangu, mimi nimeambiwa niandike maelezo na Jumatano nina kikao. Wakili tunaonana naye Alhamisi, binti nimekutumia ujumbe. Mama sijamwambia. Jana usiku mdogo wangu kaamka mara moja tu, nilihesabu dakika kumi na tano maji yakazimwa.