Kikundi: UKOO CATANIA, ITALIA 🍋

Shangazi Rukia: Assalamu alaikum. Jumapili tuko 15, pesce spada (samaki upanga) wa kuchoma. Salmoriglio, ule mchuzi wake wa limau na mafuta, nani atapiga? Nataka jibu leo.

Shangazi Rukia: Nawaona mmesoma.

Omari: Waalaikum salaam. Nipeni mimi. Blenda ninayo, dakika 1 tu.

Shangazi Rukia: Blenda HAPANA. Mafuta ya zeituni hutoka machungu. Bakuli na uma. Mafuta ml 300, maji ya limau ml 150 (si ya chupa), maji moto ml 100, kitunguu saumu punje 3, majani makavu ya origano vijiko 2 vya chakula, prezzemolo (majani ya parsley) konzi moja. Chumvi iyeyusheni kwenye maji moto kwanza. Kwenye mafuta haiyeyuki, inabaki chini inakwaruza meno.

Mwanaidi: Prezzemolo si dania, Omari. Nasema tu 😂

Omari: Hiyo dania mtanizika nayo

Salim: Na sufuria yangu ya Idi je?

Shangazi Rukia: Salim, baadaye!! Mafuta yatiwe kama uzi huku unapiga, mpaka mchuzi uwe mzito na ukungu. Kisha bakuli juu ya sufuria ya maji moto dakika 5, usichemke. Ukichemka harufu ya limau yote imekwenda.

Salim: Sufuria gani hiyo? 🙄

Mwanaidi: 😂😂😂

Shangazi Rukia: Ukikaa utajitenga, mafuta juu. Tieni kijiko cha maji moto, mpige tena.

Omari: Basi samaki nimlaze humo tangu usiku, kama tunavyomtia ndimu nyumbani.

Bibi: Omari mjukuu wangu. Limau humpika samaki kabla ya moto. Kipande cha sentimita 1 asubuhi utakikuta cheupe, kikavu. Na origano itaungulia kwenye mkaa. Mpake mafuta tu, dakika 2 kila upande. Akishatoka motoni ndipo umrashie, kwa kishada cha origano. Na sufuria ya mtu irudi.

Omari: Sawa Bibi.

Mwanaidi: Sawa Bibi.

Shangazi Rukia: Nimesikia Bibi.

Shangazi Rukia: Haya, Pescheria, soko la samaki, nani anakwenda? Vipande 15, unene sawa.

Salim: Kondoo naye anaupenda mchuzi huo. Pigeni maradufu.

Shangazi Rukia: NIMEULIZA NANI ANAKWENDA.

Jamila: Ndio naona sasa hivi. Ni Jumapili hii au ijayo?