Tupeane uzoefu: gemu iliyogoma kufunguka uliifufuaje bila kuipakua upya?

Mkazi wa Uyole
Habari za jioni, wakubwa kwa wadogo. Jana usiku umeme ulikatika hapa kwetu wakati Steam, ile programu ya kununulia na kuendeshea gemu kwenye kompyuta, ikisasisha gemu ambayo niliipakua kwa bando la usiku kwa muda wa wiki mbili, na uliporudi gemu ikawa inafunguka, inaonyesha nembo, kisha inajifunga yenyewe bila kusema kosa lake. Kidole kilikuwa tayari juu ya kitufe cha kuifuta ndipo nikakumbuka kwamba mwaka juzi nilifuta gemu nyingine kwa hasira hiyo hiyo, nikajuta hadi mwezi ulipoisha. Naomba tupeane uzoefu: aliyewahi kukwama hivi alifanya nini, na alipoteza nini?

Mwalimu wa Kompyuta, Njombe
Usifute, mdogo wangu. Bofya jina la gemu kwa kitufe cha kulia cha kipanya, ingia kwenye sifa zake, kisha kwenye mafaili yaliyosakinishwa, na hapo utakuta sehemu ya kuhakiki. Ukiibofya, programu husoma kila faili la gemu lililomo kwenye diski, hulilinganisha na orodha iliyotoka kwenye seva, na pale yasipolingana hushusha vile vipande vilivyoharibika tu. Mimi gemu ya GB 60 iliwahi kunidai MB 300 na ushee, ikaamka. Epic Games, duka jingine la gemu, nao wanacho kitu hicho hicho kwenye vidoti vitatu vilivyo karibu na jina la gemu. Ukiambiwa kwamba faili moja au mawili yameshindwa na yatashushwa upya, usishtuke, kwa sababu mengine ni mafaili ya mipangilio ambayo gemu yenyewe huyabadilisha kila unapocheza.

Kijana wa Mwanjelwa
Mwalimu amemaliza. Juzi tu imenisaidia.

Dereva wa Njia ya Tunduma
Mwalimu hajamaliza, kwa heshima zote. Mimi nilihakiki mara tatu na mara zote tatu nikaambiwa mafaili yote ni mazima, huku gemu ikiendelea kuanguka. Naendesha lori, na tukikaa kwenye foleni ya kuvuka kwenda Zambia huwa nawasha laptopu kwa inveta ya gari na kucheza Euro Truck Simulator 2. Utingo wangu hakuacha kunicheka: mzee ameshuka kwenye lori la kweli, amepanda lori la kwenye kioo, na bado hajafika popote. Basi, sasisho moja lilipoingia gemu ikaanza kufia pale pale kwenye kuchagua dereva. Ilinichukua foleni ya siku mbili kugundua kwamba ubaya ulikuwa kwenye nyongeza ya zamani, ngozi ya lori, yaani mapambo ya kulibadilisha sura, niliyopewa na rafiki, ambayo hukaa kwenye folda ya mod ndani ya Nyaraka, mbali kabisa na mahali gemu iliposakinishwa. Uhakiki hauigusi folda hiyo. Niliihamishia pembeni, gemu ikafunguka, kisha nikazirudisha nyongeza moja moja hadi nilipoikuta yenye nongwa.

Mwalimu wa Kompyuta, Njombe
Nakubali, mzee wangu, hilo nililiruka. Tena kuna upande wake wa pili: nyongeza zilizobadilisha mafaili ndani ya folda ya gemu yenyewe, uhakiki huyarudisha mafaili hayo katika hali ya kiwandani, kwa hiyo anayezithamini azinakili kwanza.

Muuza Chipsi, Soweto ya Mbeya
Mimi gemu zangu zote zimetoka kwenye flashi ya mtu pale mjini, na hicho kitufe mnachokisifia sikioni.

Kijana wa Mwanjelwa
Hutakiona kaka, maana wewe huna orodha ya kulinganishia. Wewe ikiharibika unarudi kwa mwenye flashi.

Muuza Chipsi, Soweto ya Mbeya
Na mwenye flashi yupo saa zote, hahitaji bando. Nani kati yetu ana shida?

Binti wa Kihesa
Sikutaka kuandika, lakini neno «kufuta» limenichoma.

Mwaka jana nilikuwa na kompyuta ya mezani yenye diski moja ya TB 1, na ndani yake gemu kumi na moja nilizozikusanya kwa miezi saba, nyingine nimezipakua saa nane za usiku nikiwa nimejifunika blanketi mbili, maana baridi ya Iringa ya mwezi wa saba mnaijua. Siku moja Steam ikagoma kufunguka. Sisemi gemu, nasema Steam yenyewe, programu mama. Nikampigia fundi mmoja, naye akaniambia kwa sauti ya mtu asiye na wasiwasi kwamba niiondoe nikaiweke upya, na kwamba gemu hazitaguswa kwa sababu zina folda yake. Nikaingia kwenye orodha ya programu za Windows, nikabofya kuondoa, nikayakubali maswali yote bila kuyasoma, nikaenda kuinjika chai.

Niliporudi ule mstari wa kijani haukuwa umefika hata nusu, nikajiuliza programu ndogo namna hii inachelewa wapi. Nikafungua dirisha la diski. Asubuhi ile nafasi iliyobaki ilikuwa GB 41, na sasa ilisomeka 163. Nikadhani macho yamenidanganya, nikabonyeza F5 ili isome upya, ikawa 188. Nikabonyeza tena, 204. Nilisimama pale na kikombe mkononi nikiitazama namba inapanda, na kwa mara ya kwanza maishani nikachukia kuona nafasi ikiongezeka. Sikutafuta hata kitufe cha kusitisha. Nilichomoa waya ukutani, chai ikamwagikia kibodi, na mama akaita kutoka jikoni akiuliza ni nini kimeanguka.

Ambacho sikuambiwa ni kwamba gemu, usipochagua mahali pengine, hukaa ndani ya folda ya Steam yenyewe, kwenye steamapps na kisha common, na ukiiondoa Steam kwa njia ya Windows huondoka na kila kilichomo. Njia inayotakiwa ni kuingia kwenye folda ya Steam, kuacha steamapps, userdata na lile faili la steam.exe, kufuta vingine vyote, kisha kuiwasha hiyo steam.exe ili ijijenge upya. Nililijua hilo siku tatu baadaye.

Katika zile kumi na moja, nne zilibaki nzima na mbili zilibaki nusu. Nilipoirudisha Steam niliagiza kila moja isakinishwe pale pale ilipokuwa, nayo ikapitia yaliyokuwapo na kudai yaliyokosekana tu. Zile tano nyingine hadi leo ninazo mbili.

Kijana wa Mwanjelwa
Hiyo 204 imenitia baridi kuliko Julai yenyewe.

Mama wa Watatu, Tukuyu
Ndaga, pole mwanangu. Na kibodi ilipona?

Binti wa Kihesa
Ilipona mama, ila herufi ya «n» hadi leo ukiigusa mara moja inajiandika mara mbili.

Fundi wa Kabwe
Naona mafundi tumegeuzwa ngoma hapa, kila mtu anapiga. Mteja anapiga simu, hasemi gemu ziko diski gani, hasemi ana folda ngapi, anataka jibu la bure la dakika moja. Kama gemu zingekuwa diski D, huyo fundi angekuwa amesema kweli.

Binti wa Kihesa
Fundi, ungeniuliza swali hilo moja tu, «ziko diski gani», leo nisingekuwa na hadithi.

Fundi wa Kabwe
Si mimi niliyekujibu.

Dereva wa Njia ya Tunduma
Lakini umejibu kwa niaba yake.

Mwanachuo, Iyunga
Turudi kwenye mada kabla hawa hawajashikana. Fundi amegusia jambo la kweli kuhusu diski D. Mimi hubadilisha Windows karibu kila mwaka, na gemu zangu sizipakui upya. Zipo diski D ndani ya steamapps, pamoja na vile vifaili vidogo vinavyoanza na neno appmanifest, ambavyo ndivyo humwambia Steam kuwa gemu fulani ipo na imefikia toleo gani. Nikishaweka Windows mpya, nasakinisha Steam, naingia kwenye mipangilio ya hifadhi, naongeza diski D, na gemu zote zinajitokeza kama hazikuwahi kuondoka. Ukiipoteza appmanifest usilie, agiza usakinishaji mahali pale pale kama alivyofanya dada wa Kihesa.

Jambo la pili, tangu 2023 Steam inaruhusu kompyuta mbili zilizo kwenye mtandao mmoja wa ndani kupeana mafaili ya gemu. Hapa chumbani mmoja anapakua, mwenzake anachukua kwake kwa wifi, na bando haliguswi isipokuwa kidogo sana. Sharti kila mmoja awe na gemu hiyo kwenye akaunti yake, na anayetoa awe na toleo jipya.

Seremala wa Mafinga
Mimi nilihakiki, nikafuta, nikapakua, nikafuta tena, na gemu ikawa inazima laptopu nzima baada ya dakika kumi. Karakana yetu ni ya mbao. Siku nilipofungua kifuniko cha chini nilikuta feni imejaa unga wa mbao, umeshikana kama ugali wa jana. Gemu haikuwa na kosa.

Mama wa Watatu, Tukuyu
Kwangu ni mvua. Radi ikianza huku Rungwe tunachomoa kila kitu, kwa hiyo nimewawekea wanangu utaratibu kwenye Steam kwamba masasisho yashuke saa za usiku tu, na gemu zile nzito zisisasishwe mpaka zitakapofunguliwa. Tangu nifanye hivyo hatujakatikiwa umeme katikati ya sasisho, wala bando halijapotea mchana bila mtu kujua limekwenda wapi. Mdogo wao aliwahi kunilalamikia kwamba mtandao wetu ni megabiti 8 na gemu ya GB 70 bado haijaisha. Nikamkalisha tukapiga hesabu: megabiti 8 ni megabaiti 1 kwa sekunde, kwa hiyo GB 70 ni karibu saa kumi na tisa na nusu mfululizo, bila kukatika. Akaenda kulala.

Kijana wa Mwanjelwa
Na antivairasi je? Kwangu ndiyo iliyolimeza faili la kuanzishia gemu. Kila nikihakiki faili linashushwa, linafika, linamezwa. Nikaizima moja kwa moja na sasa nacheza.

Fundi wa Kabwe
Ukizima antivairasi mjini hapa huku unapokea flashi za kila mtu, wiki ijayo nitakuona dukani. Nenda kwenye karantini yake, pale inapoyafungia mafaili inayoyashuku, ulirudishe lile faili, kisha iambie isiikague folda ya gemu hiyo peke yake.

Muuza Chipsi, Soweto ya Mbeya
Kuna antivairasi nimeifuta mwaka wa pili huu na sijafa.

Mwalimu wa Kompyuta, Njombe
Laptopu yako ndiyo tungeiuliza, ndugu.

Niongeze moja kabla ya kulala, kwa sababu nimeona wengi wakirudia kuhakiki bila kutazama majibu. Ukihakiki leo yakashindwa mafaili mawili, kesho ukahakiki yakashindwa mengine tofauti, na keshokutwa mengine tena, acha kuilaumu gemu. Hapo anza kuishuku diski, au kumbukumbu ya RAM, na jambo la kwanza ni kunakili picha za familia na kazi zako kabla hujagusa kingine. Mimi nilichelewa, nikapoteza mitihani ya muhula mzima niliyokuwa nimekwisha kuichapa.

Mkazi wa Uyole
Nimehakiki kama alivyosema mwalimu. Ilichukua dakika arobaini, ikafika asilimia 62 ikasimama muda mrefu hadi nikaanza kuzunguka chumba. Mafaili kumi na manne yalishindwa, ikanidai MB 212, nayo imefunguka. Nilipoendelea mchezo nimekuta umbali wangu wote upo. Asanteni sana, na dada wa Kihesa pole, umeniokoa na njia ile ya Windows, maana ndiyo niliyokuwa naiendea.

Sasa naomba lingine. Kuna mwenye gemu ya GTA V hapa Mbeya? Ninayo kwenye akaunti yangu, ila zaidi ya GB 100 kwa bando langu siziwezi. Nije na diski Jumamosi nikanakili folda yake, kisha nihakiki nyumbani.

Mwanachuo, Iyunga
Ninayo, njoo saa nne asubuhi. Diski yako ina mfumo gani wa kupanga mafaili, FAT32 au NTFS?

Mkazi wa Uyole
Sijui kaka, ni ile tuliyokuwa tunachomeka kwenye deki ya sebuleni.

Mwanachuo, Iyunga
Basi huenda ni FAT32, na hiyo haipokei faili moja linalofika GB 4 hata ukiwa na nafasi ya GB 500. Toa kilichomo, uibadilishe iwe NTFS kabla hujapanda daladala.

Mama wa Watatu, Tukuyu
Mwulize kwanza mama yako kama mikanda yake ya harusi haimo humo.