Lacson wa Ufilipino: kura karibu milioni 17 za useneta, kisha laki tisa kasoro za urais. Inakuwaje?

Mdadisi_Pwani:
Wakuu, nafuatilia habari za Panfilo "Ping" Lacson, yule mkuu wa polisi wa Ufilipino aliyeingia kwenye siasa. Kuna mambo matatu hayaniingii akilini. Mwaka 2016 alipata karibu kura milioni 17 za useneta, lakini 2022 kwenye urais akaambulia 892,375. Wapiga kura wake walikwenda wapi? Pili, wengine wanamwita jenerali, wengine mkurugenzi mkuu. Kipi ni kipi? Tatu, mwaka 2010 alikimbia nchi kwa kesi ya mauaji huku akiwa seneta, na sasa yumo tena Senetini. Anayeijua siasa ya kule anifafanulie, na tarehe ziwepo tafadhali.

Kura_na_Sheria:
Hawakwenda popote mkuu, ni kura za aina mbili tofauti. Seneti ya Ufilipino ina viti 24 na haina majimbo, kila seneta anachaguliwa na nchi nzima. Kila miaka mitatu nusu ya viti inagombewa, na mpiga kura anaruhusiwa kuchagua hadi majina 12. Hata aliyemweka Lacson nafasi ya kumi moyoni mwake alimpa kura kamili. Urais ni jina moja tu, duru moja, na anayeongoza anachukua hata kama hajafikisha nusu. Ukiwa chaguo la pili la mamilioni ya watu, unaondoka mikono mitupu.

Ushahidi mzuri ni mgombea mwenza wake, Tito Sotto. Kule makamu wa rais anapigiwa kura yake peke yake, hafungwi na rais. Sotto alipata zaidi ya milioni 8.2 siku hiyohiyo, yaani zaidi ya mara tisa ya mwenzake. Basi usiseme tiketi nzima ilikataliwa. Wengi walimchukua Sotto, lakini kwenye urais wakaenda kwa wagombea wengine, Marcos au Robredo. Juu ya hayo, Machi 2022 uongozi wa chama chake, Partido Reporma, ulihamia kwa Robredo. Lacson akajitoa chamani, akamalizia kampeni bila chama na kuwa wa tano, nyuma ya Pacquiao na Isko Moreno.

Urais wa 2004, ambao pia aliugombea, ulikuwa tofauti. Alipata 3,510,080, nafasi ya tatu, na Rais Arroyo akampita mpinzani wake mkuu, Fernando Poe, kwa takriban milioni 1.1 tu. Mazungumzo ya kuunganisha upinzani yalikuwa yameshavunjika, na chama cha LDP kimegawanyika pande mbili, mmoja kwa Poe na mwingine kwa Lacson. Wapo wasiomsamehe hadi leo kwa hilo, ingawa hakuna anayeweza kuthibitisha kwamba kura zake zote zingekwenda kwa Poe.

Nyota_Nne:
Nijibu la vyeo. Lacson alimaliza Philippine Military Academy mwaka 1971, darasa moja na Gregorio Honasan ambaye naye alikuja kuwa seneta. Akaingia Philippine Constabulary, kikosi kilichokuwa sehemu ya jeshi, ndiyo maana vyeo vyake vya mwanzo ni vya kijeshi. Sheria ya Jamhuri namba 6975 ya mwaka 1990 ilikiunganisha kikosi hicho na polisi wa miji, ikazaliwa PNP, jeshi la polisi la kiraia. Mwenye nyota nne akawa anaitwa Mkurugenzi Mkuu. Jina "Jenerali wa Polisi" lilikuja kwa sheria namba 11200 ya 2019. Lacson aliongoza PNP kuanzia Novemba 1999 hadi Januari 2001, Rais Estrada alipoangushwa, kwa hiyo rasmi hakuwahi kubeba cheo hicho cha sasa. Bato dela Rosa naye, mkuu wa PNP 2016 hadi 2018, alistaafu kabla ya mabadiliko. Magazeti yanawaita wote majenerali, na si kosa kubwa, nyota ni zilezile.

Umaarufu wake aliupata kwa mambo madogo yanayoonekana mtaani. Alikaza dhidi ya "kotong", yaani askari kuwakamua madereva wa jeepney (daladala za kule) na malori barabarani, na akaagiza kiuno cha askari kisizidi inchi 34.

Faili_la_Mahakama:
Kuhusu kesi, watu huchanganya mbili.

Ya kwanza ni Kuratong Baleleng. Tarehe 18 Mei 1995 watu 11 waliotuhumiwa kuwa wa genge hilo la ujambazi waliuawa Commonwealth Avenue, Quezon City. Polisi walisema ni majibizano ya risasi, mashahidi wakasema watu hao walikuwa tayari mikononi mwa polisi. Kesi dhidi ya Lacson na maofisa wenzake ilifutwa 1999 na kufufuliwa 2001, likaibuka bishano kama muda wa kuifufua umepita. Mahakama ya Juu ilisema Aprili 2003 iendelee, lakini Novemba hiyohiyo hakimu wa chini akaifuta kwa kukosa sababu za kutosha za kushtaki. Mahakama ya Juu ikabariki uamuzi huo 2012.

Ya pili ndiyo iliyomkimbiza: mauaji ya mtaalamu wa uhusiano wa umma Salvador "Bubby" Dacer na dereva wake Emmanuel Corbito, Novemba 2000. Kiapo cha ofisa wa zamani wa Lacson, Cezar Mancao, kilimtaja Lacson kuhusika. Lacson aliondoka Januari 2010 kabla hati ya kukamatwa haijatolewa. Februari 2011 Mahakama ya Rufaa ikamwona Mancao haaminiki, ikafuta mashtaka na hati, naye akarudi mwezi uliofuata. Zingatia kwamba kesi zote mbili zilimwishia mlangoni, kabla ushahidi haujasikilizwa kikamilifu. Anayesema "alishinda kesi" amezidisha, na anayesema "alihukumiwa" amekosea kabisa.

Mdadisi_Pwani:
Nimeelewa, asanteni. Na huku kuingia na kutoka Senetini? 2013 alikuwa ameshindwa?

Kura_na_Sheria:
Hapana, hakugombea. Katiba ya 1987 inampa seneta vipindi viwili mfululizo vya miaka sita, kisha lazima apumzike. Alikaa 2001 hadi 2013. Desemba 2013 Rais Aquino akampa kazi ya kusimamia ujenzi mpya baada ya kimbunga Yolanda, akaiacha Februari 2015 na kurudi Senetini 2016. Mwaka 2022 alikuwa bado na haki ya kipindi cha pili, ila huwezi kugombea vyeo viwili kwa mpigo. Aliacha kiti alichokuwa na nafasi nzuri ya kukitetea, na akakingoja hadi uchaguzi wa Mei 2025.