Fiadh, Sadhbh au Róisín? Jina la Kiayalandi kwa binti

mama_kijacho: Wadau, salaam. Natarajia binti mwezi wa tatu. Baba yake ni Mwayalandi na tumekubaliana jina liwe la asili ya kwao. Yamebaki matatu: Fiadh, Sadhbh na Róisín. Lipi bora?

kisiwani: Hongera sana dada. Ila umebana maelezo. Jina la ukoo ni lipi? Mtoto atakulia wapi? Na atakayemwita kila siku ni bibi wa huko au bibi wa huku? Bila hayo tunapapasa gizani.

babu_wa_mvita: Wakati tunamngoja, Fiadh litolewe. Ile dh ya mwisho ni kimya, jina linatamkwa "Fia". Kwao lina maana ya kupendeza, paa wa mwituni, na 2021 liliongoza kwa watoto wa kike Jamhuri ya Ayalandi. Lakini bibi akisimama mlangoni aite "Fia, njoo!", jirani atasikia kufa. Ueleze maana mara mia, sikio la Kiswahili halibadiliki. Angalia pia Laoise ("Lisha"), Áine ("Onya") na Úna: kila akiitwa, mtu anangoja umalizie, una nini?

mwl_sarufi: Nakazia, na kuna jambo wengi hawalijui. Kiayalandi hubadilisha mwanzo wa jina pale unapomwita mtu. Hutangulia "a", kama "ewe" yetu, kisha konsonanti inalainika. Sadhbh peke yake ni "Saiv" (dh kimya, bh ni v), lakini ukimwita ni "a Shadhbh", na hiyo sh husomwa h: "a Haiv". Fiadh huwa "a Fhiadh", na fh haitamkwi kabisa, kwa hiyo masikioni linabaki "a Ia". Majina yanayoanza na r, l, n au irabu hayaguswi. Róisín hubaki Róisín. Kama nyumbani kutaongewa Kiayalandi, hili si dogo: mtoto wa miaka miwili atasikia majina mawili.

asha_d: Róisín ni zuri, "Roshiin", waridi dogo. Tatizo ni zile fada mbili, alama za kurefusha irabu. Zikidondoka, roisín yenye fada moja tu ni utomvu mkavu wa mti. Na mifumo ya kompyuta huzimeza. Kuna mtoto aliyekatiwa tiketi na shirika moja la ndege. Mfumo haukuzitambua ó na í, ukazifuta badala ya kuweka o na i za kawaida. Tiketi ikatoka RISN. Pasipoti yenyewe ina Róisín juu, na ile mistari miwili ya chini inayosomwa na mashine ina ROISIN, maana pale jina huandikwa kwa A hadi Z tu. Kaunta wakaona majina matatu tofauti ya mtoto mmoja. Kurekebisha kulichukua karibu saa nzima na foleni imejaa nyuma. Dawa yake: kwenye tiketi andika mwenyewe bila fada, kama mistari ya chini ya pasipoti. Kwenye cheti cha kuzaliwa fanya kinyume: soma kila herufi kabla ya kusaini, fada zote ziwepo. Kule Ayalandi kusajili ni ndani ya miezi 3. Na marekebisho ya 2021 ya sheria ya lugha rasmi yanazitaka ofisi za umma ziliandike jina la Kiayalandi na fada zake.

nyota_ya_asubuhi: Kwa nini msimwite Erin au Saoirse yakaisha?

mwl_sarufi: Erin ni jina la nchi yenyewe, na kina mama wa Marekani walilipenda sana. Saoirse ni "uhuru", lilianza kupewa watoto karne ya 20. Yeye ametaka asili.

kisiwani: Mwalimu, hapo sikubaliani nawe. Sinéad na Siobhán yaliletwa na Wanormani, wavamizi wa karne ya 12, yote ni Joana tu, na hakuna anayeyaita ya kigeni. Fatuma lilitoka Uarabuni. Nani atakuambia si jina la Mswahili? Asili ni matumizi.

mwl_sarufi: Matumizi ya miaka 800 si sawa na ya miaka 100.

mtu_wa_parokia: Mimi nasimama na Bríd. Mtakatifu Brigid wa Kildare, sikukuu 1 Februari, na tangu 2023 Ayalandi wana mapumziko ya kitaifa kwa ajili yake. Kusini husema "Briid", magharibi "Briij". Nyumbani kila parokia ina Brigita wake, bibi hatapata shida.

babu_wa_mvita: Huyo kabla ya kuwa mtakatifu alikuwa mungu wa kike wa mashairi na uhunzi. Na kwa kanuni ya mwalimu, akiitwa anakuwa "a Bhríd", yaani "a Vriid".

mtu_wa_parokia: Jina moja, watu wawili. Usiwachanganye.

mama_kijacho: Samahani kwa kuchelewa. Tunaishi Cork, kusini mwa Ayalandi, mama yangu atakuja kukaa nasi mwaka mzima. Ukoo ni Ó Murchú. Fiadh nimelifuta, asanteni kwa kunishtua.

mwl_sarufi: Ó Murchú ni kwa mwanamume. Binti huwa Ní Mhurchú. Je, ana kaka mwenye Ó tayari kwenye pasipoti?

mama_kijacho: Anaye, wa miaka 4. Kwa hiyo ndugu wa tumbo moja wataandikwa ukoo tofauti?

asha_d: Kisarufi ndiyo. Wengine huwaandikisha wote Ó ili uwanja wa ndege usisumbue. Baba yake anasemaje?