Difu ya kuchomelea kwenye magari ya abiria: tuyaache au yatolewe barabarani?

Mgebuka Mkavu
Wakuu, poleni na mihangaiko. Juzi nimetoka Sigunga, huku Kigoma, na magunia yangu ya dagaa, tumepanda mkonga mmoja (Land Cruiser), watu ndani, watu juu ya mizigo. Mvua ilinyesha usiku kucha. Kabla ya Ilagala tukakuta Fuso mbili zimelala kwenye tope, dereva wetu akapita pembeni yake bila kushusha hata mtoto. Tukampigia makofi. Kufika lami ya Simbo mambo yakageuka. Kila kona tairi za nyuma zinalia kama mtoto anayeachishwa ziwa, gari inarukaruka kitako. Namuuliza konda, ananijibu kwa majivuno: "Difu imechomelewa hii, haikwami." Yaani zile gia za katikati ya ekseli zinazogawa nguvu kwa tairi mbili. Tunashuka kuingia mjini, lami imelowa, mkia ukachomoka ghafla, nikamkumbuka marehemu bibi yangu. Sasa hoja: magari ya hivi yaendelee kubeba abiria au trafiki wayatoe? Karibuni, matusi hapana.

Kumbikumbi
Ngoja waje wenye difu zao.

Rodi Kumi na Mbili
Yaani umefikishwa mjini, dagaa wako hawajaoza, halafu unakuja huku kusema mafundi. Gari hiyo isingechomelewa difu ungelala Ilagala unalisha mbu.

Kwa wasiojua: difu ya kawaida inagawa nguvu sawa kwa sawa kulia na kushoto. Tairi moja ikikanyaga utelezi inazunguka kwa nguvu ya kunguru, na mwenzake anapewa hiyo hiyo ya kunguru. Ndiyo maana unaona tairi moja inachimba kaburi, nyingine imetulia inatazama. Sisi tunashusha difu, tunachomelea zile gia ndogo za kati na gia za pembeni ziwe kitu kimoja. Hapo zote zinakwenda, itake isitake. Kazi ya nusu siku. Loki ya upepo kutoka Australia, ile inayofunga difu pale tu unapotaka, ukijumlisha na kompresa yake, hela hiyo unanunua bodaboda.

Hesabu Kavu
Fundi umetaja utamu, uchungu umeuruka. Gari ikikata kona, tairi ya nje inatembea njia ndefu kuliko ya ndani. Chukua gari ambayo tairi na tairi zimeachana mita 1.5. Kona ya nyuzi 90, tofauti ni kama mita 2.36. Ukizunguka kipilefti chote, mita 9.4. Difu ipo kwa ajili ya mita hizo. Ukiichomelea, lazima tairi iburuzwe, au hafushafti (chuma kinachopeleka nguvu kutoka difu hadi tairi) ijisokote mpaka mpira uachie. Kinacholia kwenye lami ni hicho. Na iwe kona kali iwe kona pana, mradi nyuzi ni zile zile, tofauti ni ile ile.

Kirikuu Nyeupe
Mwalimu hapo mwisho umetupiga. Kona ya Mwanga sokoni na kona ya barabara kuu ziwe sawa? Mimi nashika usukani kila siku, wewe unashika chaki.

Hesabu Kavu
Mzingo wa nje toa mzingo wa ndani. Nusu kipenyo inajifuta, unabaki na upana wa gari mara 6.28. Haya ni ya sekondari, kaka. Kona kali inauma zaidi kwa sababu mita hizo hizo unazimaliza ndani ya hatua chache. Mfaransa Pecqueur alilitatua hili kwenye gari la mvuke tangu 1827, sisi tunarudi nyuma na rodi mkononi.

Kumbikumbi
Huyo Mfaransa Ilagala ya mwezi wa nne aliiona?

Toto la Tora
Nipo Tabora, nawasoma tu. Mnatisha watu bure. Treni haina difu! Ekseli na magurudumu yake ni kitu kimoja tangu kiwandani, na inatoka Dar mpaka huko kwenu Kigoma, kona zote inakata na mabehewa nyuma. Ingekuwa hatari kama mnavyosema, ingekuwa inaanguka kila siku.

Rodi Kumi na Mbili
Asante sana Toto la Tora. Mwalimu ajibu hapo.

Dereva Mstaafu
Vijana hamjambo. Nimeendesha malori miaka mingi, ila hilo la treni nilielezwa na mtu wa reli. Gurudumu la treni si bapa. Pale linapokanyagia reli limechongwa mteremko mdogo, kama 1 kwa 20. Viringisha kikombe cha plastiki sakafuni, hakiendi moja kwa moja, kinapinda, kwa sababu mdomo ni mpana kuliko kitako. Ndivyo na treni: ikifika konani, ekseli inasogea kwa nje, gurudumu la nje linakanyaga penye unene mkubwa, la ndani penye unene mdogo. Zinazunguka pamoja lakini moja inakwenda mbali zaidi. Tairi ya gari haina mteremko huo. Kwa hiyo mfano haukai.

Kirikuu Nyeupe
Shikamoo mzee. Mbona sasa treni nayo inalia konani? Mimi nimekulia karibu na reli, ule mlio naujua.

Dereva Mstaafu
Marahaba. Inalia kwenye kona kali. Mteremko ule una kikomo, ukizidiwa chuma kinaburuza juu ya chuma.

Toto la Tora
Kwa hiyo mzee umekubali inaburuza. Nimeshinda.

Mama Mawese
Toto la Tora hujashinda chochote. Mtu anaeleza tairi ya mpira, wewe unaleta behewa. Kwanza reli ni yetu, Kigoma ndiyo mwisho wa reli, usije kutufundisha.

Toto la Tora
Mwisho wa reli zipo nyingi, mama. Mwanza ni mwisho wa reli. Mpanda ni mwisho wa reli. Zote zinapita kwanza kwetu Tabora, na chuo cha reli kipo kwetu. Ninyi mna stesheni nzuri tu.

Mama Mawese
Reli imegusa ziwa hapa 1914. Mwanza imefika 1928, Kigoma ilishaota mvi. Mtu akisema "mwisho wa reli" nchi hii, hakuna anayefikiria Mpanda.

Kumbikumbi
Mada ilikuwa tairi inalia. Sasa analia mtu wa Tabora.

Toto la Tora
Silii. Nauliza tu, dagaa wa Kigoma bila treni wangefikaje Dodoma?

Mama Mawese
Na ninyi bila treni maembe yenu mngemuuzia nani?

Mgebuka Mkavu
Wakuu, naomba turudi. Abiria je?

Kisigino
Nimefanya kazi ya trekta Kasulu. Masi ina pedeli ndogo upande wa kisigino cha kulia. Ukikwama unaikanyaga, tairi zote mbili zinafungana, unatoka, unaachia. Hukati kona ukiwa umeikanyaga, hilo unaambiwa siku ya kwanza. Walioitengeneza walijua shambani kuna tope, lakini bado wakaweka kitu cha kuachia. Ubaya wa kuchomelea ni kwamba kisigino chako kimegundishwa kwenye pedeli maisha yote.

Rodi Kumi na Mbili
Kisigino, weka hapa bei ya mkonga wenye loki ya kiwandani tuone nani ananunua. Mwenye gari ana mkopo, barabara ni ile ile unayoijua. Wajapani wa drifti, ule mchezo wa kutelezesha gari konani, wanachomelea difu, gari zinapiga kona kwenye lami kama zinacheza, hakuna anayewasema. Gokati, vile vigari vidogo vya mashindano, navyo havina difu. Sisi wa Kigoma tukifanya inakuwa ushamba.

Hesabu Kavu
Fundi, mtu wa drifti anataka mkia utoke. Ndiyo kazi iliyomleta. Mleta mada alikuwa anapeleka dagaa sokoni.

Mama Mawese
Mimi niseme langu. Nilikuwa na Canter ya kubeba mawese kutoka Ilagala. Fundi mmoja wa kichochoroni akanichomelea difu. Tope tulipita kweli, sitamkosea Mungu. Mwezi wa tatu gari ikiwa tambarare, haina hata mwendo, tukasikia kitu "kaa!", tairi za nyuma zikafunga kwa mpigo, gari ikakaa kiubavuubavu barabarani. Kufungua, gia imepasuka pembeni ya weldi, kipande kimekwenda kukaa katikati ya kraunwili na pinioni, gia kubwa na gia ndogo inayoizungusha. Nikanunua difu nzima ya mtumba. Madumu matano yakamwagika, barabara ikanuka mawese wiki nzima.

Rodi Kumi na Mbili
Mama, "fundi wa kichochoroni" unamaanisha nani? Wote tunafanyia kazi vichochoroni, gereji zenye vigae zipo Dar. Alitumia rodi gani?

Mama Mawese
Mimi nijuaje rodi? Nilimpa hela akaniambia kesho.

Rodi Kumi na Mbili
Ndipo shida ilipo. Gia ya difu imekaushwa ngozi yake iwe ngumu. Ukiipiga rodi ya geti ikiwa baridi na ina oili, halafu ukaimwagia maji ipoe haraka, pembeni ya weldi panakuwa kama kigae, lazima ipasuke. Mimi naosha oili yote, natoa beringi pembeni zisiungue, naipasha moto kwanza, natumia rodi ya 7018 iliyokauka, nikimaliza naifukia kwenye majivu ilale humo mpaka kesho yake. Zangu hazijawahi kurudi.

Dereva Mstaafu
Fundi, nakupa heshima yako, kazi hiyo umeieleza kama mtu anayeijua. Lakini hata weldi ikiwa nzuri, mzigo unahamia kwingine. Hafushafti ndiyo inayokula ile misokoto kila kona. Weldi isipokatika, itakatika shafti.

Na kuendesha pia kunabadilika. Gari inaingia konani pua haitaki kugeuka, inataka kunyoosha. Dereva anaongeza usukani, anakanyaga mafuta kidogo, lami imelowa, tairi zote mbili za nyuma zinaachia kwa wakati mmoja. Kwenye difu isiyochomelewa inateleza moja, ya pili bado imeshika. Hiyo ndiyo iliyomkumbusha Mgebuka bibi yake. Porini sikatai, ardhi yenyewe inateleza, shafti inapumua. Na atakayechomelea difu ya mbele, usukani utamtoa jasho hata kwenye mchanga.

Kirikuu Nyeupe
Mzee umemaliza. Yangu nimechomelea ya nyuma, tairi sikuhizi zinaisha kama sabuni, kona ya kuingia nyumbani nazima redio nisisikie. Lakini tangu nichomelee sijalala njiani hata siku moja. Kati ya tairi na kulala porini nachagua tairi.

Kumbikumbi
Abiria wako nao wamechagua?

Kirikuu Nyeupe
Nabeba mihogo.

Mgebuka Mkavu
Asante Kumbikumbi, hilo ndilo swali. Sheria ya Usalama Barabarani ya 1973 ipo, stika za ukaguzi zipo. Kwa nini hii haionekani?

Kumbikumbi
Trafiki anaangalia taa, tairi, na uso wako. Difu imejificha kwenye oili, nani atalala chini ya gari na tochi?

Kisigino
Haihitaji kulala. Piga jeki nyuma yote, gia iwe nyutro, zungusha tairi moja kwa mkono. Nyingine ikirudi kinyume, difu nzima. Ikifuata upande huo huo, imefungwa. Dakika tano.

Rodi Kumi na Mbili
Na zile difu za LSD za kiwandani, zinazojibana kiasi bila kufunga kabisa, je? Nazo zinafuata upande huo huo. Utafunga gari za watu zisizo na kosa. Ndiyo maana nasema wanaoongea hapa hawajawahi kufungua hata kifuniko.

Kisigino
LSD ukiishikilia tairi ya pili na kulazimisha ya kwanza inakubali kuachana. Ya kwako haikubali mpaka Kiyama. Nimeshika spana kabla hujajua rodi, dogo.

Rodi Kumi na Mbili
Dogo nani? Nina watoto wanne.

Hesabu Kavu
Fundi, swali moja tu, bila ugomvi. Gari yako mwenyewe unayotembelea umeichomelea?

Rodi Kumi na Mbili
Hilo linahusiana nini?

Hesabu Kavu
Nauliza tu.

Rodi Kumi na Mbili
Mimi natembelea Probox. Inavuta kwa tairi za mbele.

Kumbikumbi
😂😂😂 Nimeangusha simu.

Rodi Kumi na Mbili
Cheka. Probox haiendi Sigunga. Anayekwenda Sigunga anakuja kwangu, nami namfanyia anachotaka. Lami ikifika Kalya nitaacha kuchomelea siku hiyo hiyo, niandikeni.

Toto la Tora
Au reli.

Mama Mawese
Wewe lala.

Mgebuka Mkavu
Wakuu, Jumatatu narudi Sigunga, mzigo unanisubiri. Nimekwenda stendi, gari inayotoka alfajiri ni ile ile, nyingine zimekwama huko huko. Nimelipia siti ya mbele.

Rodi Kumi na Mbili
Mkonga wa kijivu, bampa la bomba?

Mgebuka Mkavu
Ndiyo huo huo. Unaufahamu?

Rodi Kumi na Mbili
Mwambie dereva fundi anakumbushia salio lake.