Mji wa Kivuli una haki ya kutoza ushuru wa kupita?

Kalamu Butu: Wakuu, nisaidieni kabla sijaichana sura ya 9. Kwenye hadithi yangu kuna miji mitatu inayoelea angani. Kilele unauza barafu, Ukungu unauza vyuma na nguo, na Kivuli, ulio katikati, hauna cha kuuza; umebahatika tu kukaa kwenye mkondo wa upepo. Kila jahazi likipita hapo linaacha sehemu 1 ya shehena kwa kila 20. Wafanyabiashara wamegoma, barafu inayeyuka gatini. Je, Kivuli una haki hiyo, au ni unyang'anyi wenye mhuri? Majahazi yangu yana mfuko wa gesi juu na matanga matatu, na nahodha ni bibi wa miaka 60.

Kipanga: Unyang'anyi wenye mhuri. Denmark walifanya hivyo hivyo pale Øresund, mlango wa bahari wa kuingilia Baltiki, tangu karne ya 15: hushuki kwao, huchukui mzigo wao, lakini unalipa kwa kuwa huna pengine pa kupita. Walikuja kuacha 1857, tena kwa kulipwa fidia. Ila mkuu, hayo matanga ni ya nini? Pazia?

Mwana Maji: Denmark hawakuwa wajinga lakini. Ilifika wakati nahodha anataja mwenyewe thamani ya shehena, ila mfalme ana haki ya kuinunua kwa bei hiyo hiyo. Ukitaja ndogo, mzigo umekwenda. Mpe Kivuli ujanja huo, sura itachangamka.

Kalamu Butu: Mwana Maji asante, hilo nalibeba. Kipanga, hiyo "pazia" imeniudhi. Matanga yanasukuma chombo. Umewahi kuona chombo cha matanga wewe?

Kipanga: Nimeviona vingi, vyote vikiwa majini. Jahazi linaongozeka kwa sababu upepo unalisukuma huku maji yanalishika. Chombo kinachoelea hewani kimo ndani ya upepo wenyewe, kinabebwa nao kwa kasi ile ile. Washa mshumaa sitahani, mwali utasimama wima. Tanga litaning'inia kama shuka iliyoanikwa siku ya joto kali. Bibi yako atapandisha, atashusha, chombo hakina habari.

Mjukuu wa Nahodha: Wee Kipanga, acha dharau. Babu yangu kala chumvi ya bahari miaka 40. Alikuwa anapiga bisho, upepo unatoka mbele naye anakwenda mbele. Wewe wa kwenye kiti unatufundisha upepo?

Kipanga: Babu namheshimu. Alikuwa na mkuku, ule uti wa chini ya chombo, ndani ya maji. Mtoe majini, mning'inize kwenye puto, halafu apige hiyo bisho nione.

Mjukuu wa Nahodha: Muache babu yangu. Tena ni marehemu.

Kipanga: Pole. Lakini aliyemleta humu ni wewe.

Sauti ya Radi: Mnaparurana kwa matanga, hakuna anayeuliza gesi. Kama ni haidrojeni, njia nzima hiyo ni kaburi. Hindenburg, ile meli ya angani ya haidrojeni iliyowaka 1937, hakusalimika hata mmoja. Na huyo bibi wa miaka 60 atapanda mlingoti kwa magoti gani?

Bi Wino: Walikuwemo 97, walitoka hai 62. Hesabu kwanza, tisha baadaye. Na nahodha hapandi mlingoti, anapandisha watu. Mimi nina 63, magoti yangu yanakusalimu.

Kipanga nawe una haki nusu. Yule Msweden Andrée alipotaka kwenda Ncha ya Kaskazini kwa puto, 1897, alifunga matanga kweli. Akaning'iniza kamba ndefu nzito za kuburuzwa barafuni ili puto lichelewe kuliko upepo. Likichelewa, tanga linapata cha kushika.

Kipanga: Malizia basi. Sehemu kubwa ya kamba ilipotea pale pale wanaporuka. Wakafa wote watatu, mabaki yao yakaja kuonekana 1930.

Bi Wino: Zilizopotea ni kamba, si hoja.

Sauti ya Radi: Sawa, 62 walipona. Bado nisingepanda.

Mwana Maji: Jamani, swali lilikuwa ushuru. Mkataba wa Chicago wa 1944, ule wa usafiri wa anga, unaipa nchi anga iliyo juu ya ardhi yake na maji yake ya pwani. Kivuli una ardhi gani? Na ibara ya 15 inakataza kutoza ada kwa kupita peke yake. Utoe huduma ndipo udai.

Mjukuu wa Nahodha: Basi huduma ni kamba! Kivuli uteremshe nyaya, jahazi lijishike, lichelewe, matanga yajae. Huo ndio mkuku. Babu angelipa bila kunung'unika.

Kipanga: Hapo umenena. Babu yako nimemuelewa sasa.

Mjukuu wa Nahodha: Usimtaje.

Kalamu Butu: Ngojeni kwanza. Kwa hiyo Kivuli haukodishi njia, unakodisha kamba? Na asiyetaka kamba apite bure?

Sauti ya Radi: Apite bure, apeperuke bure.

Mwana Maji: Na ndio unyang'anyi umerudi kwa mlango wa nyuma. Kamba yenyewe moja, mwenye kamba mmoja, bei anapanga nani?

Kalamu Butu: Sura ya 9 nimeichana. Bi Wino, kamba ya Andrée ilifika chini ikaburuzika. Yangu iwe na urefu gani?

Bi Wino: Hiyo miji yako inaelea juu ya bahari au juu ya nchi kavu?

Kalamu Butu: Sijaamua.

Kipanga: Sura 8 zote hizo hujaamua?