Kwa nini kero ndogo zinachekesha katika filamu bubu?

Swali
Ndugu wachangiaji, nikitazama filamu bubu za miaka ya 1920 naona vichekesho vingi vinatokana na kero ambazo kila mtu anazijua, kama vile tramu (gari la abiria la reli za mjini) iliyojaa au mlango unaobana nguo. Kero hizo zikitupata wenyewe hutukasirisha. Ni nini hasa kinachozigeuza kuwa kichekesho?

Jibu la kwanza
Nadhani ni jitihada za mhusika za kubaki mstaarabu. Katika filamu ya *Hot Water* ya mwaka 1924, mchekeshaji Harold Lloyd anapanda tramu akiwa na vifurushi tele pamoja na bata mzinga hai aliyejishindia katika bahati nasibu. Anajaribu kumdhibiti ndege, kuokota vifurushi na kuwaridhisha abiria kwa wakati mmoja, na kila anachorekebisha kinaharibu kingine, mpaka anatupwa nje. Angeanza kufoka mapema, tungemwona mkorofi tu.

Jibu la pili
Sikubaliani. Katika *Big Business* ya mwaka 1929, wachekeshaji wawili Laurel na Hardy wanauza miti ya Krismasi kwenye jua la California, na ugomvi unaanza kwa mti kubanwa mlangoni. Muda si mrefu wao wanaibomoa nyumba ya mteja, naye analivunjavunja gari lao. Ustaarabu haupo kabisa, na bado tunavunjika mbavu. Kinachochekesha ni kwamba kila upande unasimama kimya kutazama uharibifu, kisha unasubiri zamu yake.

Jibu la tatu
Nyote mmemzungumzia mhusika, ilhali mimi naona jambo kubwa liko kwa mtazamaji, anayejua kitakachotokea kabla ya mhusika. Tangu filamu fupi ya Lumière, mtengenezaji filamu wa Ufaransa, ya mwaka 1895, tunamwona mtoto akikanyaga mpira wa kumwagilia na kuyazuia maji kabla mtunza bustani hajachungulia ndani yake na kurukiwa na maji. Katika maisha yetu wenyewe, sisi ndio watunza bustani tusiojua kinachokuja. Mchekeshaji Buster Keaton alifanya hivyo hivyo katika *One Week* ya mwaka 1920: tunajua kwamba hasimu wake amebadilisha namba za masanduku yenye vipande vya nyumba, naye maskini anaijenga kwa kufuata maelekezo kwa uaminifu, hadi inatoka imepinda. Hata hivyo, mwishoni anatugeuka. Nyumba imekwama relini, treni inapita kwenye reli ya pembeni bila kuigusa, nasi tunashusha pumzi pamoja na maharusi, yaani Keaton na mkewe. Ndipo treni nyingine inapotokea upande wa pili na kuisambaratisha. Hiyo hatukuonyeshwa mapema, na kwangu ndiyo inayochekesha kuliko zote, jambo ambalo nadharia yangu hailielezi.